Vidude vya Bluetooth na Redio Kubwa za Karatu

Amplifaya iliyotengenezwa mwaka 1985 haijui Bluetooth, wala haina sababu ya kuijua. Kanuni za kwanza za Bluetooth zilitolewa mwaka 1999, na utaratibu wa kupitisha muziki wa stereo kwa njia hiyo ukafuata mwaka 2003. Vyombo vilivyotangulia vilijengwa kupokea kaseti, santuri na, kwa wenye uwezo, CD. Taabu ni kwamba vyombo hivyo havifi. Katika nyumba nyingi za Karatu, kaskazini mwa Tanzania, redio kubwa bado imekaa juu ya kabati la sebuleni, imefunikwa kitambaa cha kufuma kinachoziba matundu yote ya hewa, na bado inapiga vizuri kuliko sabufa iliyonunuliwa mwaka jana. Kilichokufa ni kaseti. Nyimbo zote zimehamia kwenye simu, na simu nazo, tangu Apple waondoe tundu la kuchomekea spika za masikioni kwenye iPhone 7 mwaka 2016 na wenzao kuwafuata, nyingi hazina tena mahali pa kuchomeka waya. Ndipo mwenye redio anapoanza kutafuta kidude.

Asili ya redio iulizwe kabla ya bei ya kidude. Matsushita walikuwa na kiwanda Dar es Salaam tangu miaka ya 1960, kikitoa redio na betri za National, na Philips nao waliunganisha redio Arusha. Hizo hazina neno na umeme wa nchi hii. Redio kubwa za baadaye ni watoto wa njia nyingi: mtumba wa Ulaya, mtumba wa Japani, zawadi ya mgeni aliyemaliza mkataba, mali ya hoteli ya kitalii iliyobadilisha vyombo. Ya Japani ndiyo ya kuangaliwa kwa macho mawili. Umeme wa kule ni volti 100, wa hapa ni 230. Amplifaya ya namna hiyo ikichomekwa ukutani bila transfoma ya kushusha, hutoa moshi mweupe, na mazungumzo yote kuhusu Bluetooth yanaishia hapo.

Wapo wenye redio waliosoma kitabu cha maelezo, na hao ndio wanaoteseka zaidi. Kitabu kinawaambia kwamba chombo chao kina tundu maalumu la Bluetooth nyuma, na kwamba tundu hilo linataka kidude cha kampuni hiyo hiyo. Pioneer walitengeneza AS-BT100 na AS-BT200 kwa ajili ya amplifaya zao. Yamaha wakatengeneza YBA-10. Vyote viliacha kutengenezwa zamani. Mtu anayezunguka maduka ya simu ya barabara kuu ya Karatu akiuliza AS-BT200 hatajibiwa kwamba haipo, kwa sababu muuza simu wa Karatu hana desturi ya kumkatisha mteja tamaa. Ataambiwa, “Ipo, mzee wangu, karibu ukae,” kisha kijana atatumwa duka la jirani, na baada ya robo saa atarudi na chaja ya gari. Mteja akikataa chaja, ataletewa spika ndogo yenye taa za rangi. Akikataa na hiyo, ataulizwa kwa upole kama kweli anajua anachotafuta.

Jibu ni kwamba kidude cha kampuni hakihitajiki hata kidogo. Tundu lile maalumu lilikuwa la anasa. Nyuma ya karibu kila amplifaya kuna jozi za matundu ya duara, jekundu na jeupe, yaliyoandikwa CD, AUX au TAPE IN, na lolote kati ya hayo linapokea sauti ya kipokezi chochote cha Bluetooth cha bei ndogo kinachotoa waya. Mafundi redio wanalijua hili kwa miaka mingi na hawaoni la ajabu. Kidude cha kampuni kilichookotwa kwenye mtandao kwa bei ya mbuzi hakitoi muziki bora kuliko kile cha bei ya kuku, na mwenye redio aliyekwisha kumuuza mbuzi hapendi kusikia hivyo.

Jozi mojawapo, hata hivyo, ni mtego. Imeandikwa PHONO na ilikusudiwa mashine ya santuri. Sindano ya santuri hutoa umeme mdogo mno, kama milivolti tano, kwa hiyo nyuma ya tundu hilo kuna sakiti ya kuukuza na kuongeza besi. Kipokezi cha Bluetooth hutoa volti nzima au zaidi. Kikichomekwa kwenye PHONO, mwimbaji wa kwaya anatoka akiunguruma mithili ya trekta lililokwama kwenye tope la Rhotia. Mwenye redio atakilaumu kidude, atakirudisha dukani, atabadilishiwa kingine, atakichomeka pale pale. Kuna vidude vilivyozunguka Karatu nzima kwa njia hii, vizima kabisa.

Mtego wa pili uko mbele, kwenye sabufa na deki za kisasa kidogo: tundu la USB. Madukani vinauzwa vidude vya Bluetooth vya kuchomeka kwenye USB ambavyo vilitengenezwa kwa ajili ya kompyuta. Kompyuta ina programu ya kukiongoza kidude, sabufa haina. Tundu la sabufa linajua kazi moja, kusoma nyimbo kwenye flashi, na likichomekwa kidude cha kompyuta litasubiri nyimbo ambazo hazitakuja. Aina nyingine inafanana nayo kabisa kwa umbo, ila ina kitundu cha jeki ubavuni. Hiyo inachukua umeme tu kutoka kwenye USB, na sauti yake inapita kwenye waya wa jeki kwenda nyuma ya redio. Asiyejua atachomeka USB, ataona taa ya bluu inawaka, atashukuru Mungu, atapiga wimbo na kusikia kimya. Taa ya bluu haina maana yoyote zaidi ya kwamba umeme upo.

Kisha kuna suala la nani anamtumia nani. Kidude kinaweza kuwa kipokezi, yaani kinachukua muziki wa simu na kuupeleka kwenye amplifaya, au kirushaji, yaani kinachukua sauti ya televisheni na kuipeleka kwenye spika za masikioni. Vingi siku hizi ni vyote viwili, na ubavuni kuna swichi ndogo kuliko punje ya mtama yenye herufi RX na TX. RX ni kupokea. Swichi hiyo ikiwa kwenye TX, kidude na simu hutafuta spika kwa bidii ile ile, kila kimoja kikimpita mwenzake. Familia nzima inaweza kukaa jioni moja ikiangalia simu ikizungusha alama ya kutafuta, baba akisisitiza kwamba tatizo ni mtandao. Bluetooth haihitaji mtandao wala bando. Kueleza hilo kwa baba ni kazi ya mtu mwenye umri wa kumzidi.

Kwa redio isiyo na tundu lolote nyuma, njia iliyozoeleka ni kidude cha FM, kile kinachochomekwa kwenye tundu la sigara la gari. Karatu ni mji wa magari ya safari, kwa hiyo vidude hivi havikosekani. Kinapokea muziki wa simu kwa Bluetooth na kuurusha upya kama kituo kidogo cha redio, na redio yoyote iliyo karibu inaweza kuunasa. Neno la kuzingatiwa ni “yoyote”. Redio za zamani za Japani, za magari na za nyumbani, kwa kawaida husoma FM kuanzia megahezi 76 hadi 90, ilhali Tanzania hutumia 87.5 hadi 108. Sehemu inayoingiliana ni finyu, kuanzia 87.5 hadi 90, na wenye redio za Japani wote wanajibana humo. Katika mtaa wenye nyumba zilizopakana ukuta kwa ukuta, mtu anaweza kuweka nyimbo za injili kwenye 88.0 na kukuta zinakabidhiana zamu na taarabu ya mpangaji wa pili, kutegemea nani amesogeza kidude chake karibu na dirisha. Sauti yenyewe ni ya wastani, ina mchakacho wa chinichini, na ukigusa waya wa antena inabadilika. Njia hii ni ya dharura. Mwenye redio yenye deki ya kaseti inayozunguka bado ana njia bora kuliko hiyo: kaseti ya Bluetooth, yenye umbo la kaseti ya kawaida na betri ndani, ambayo hupitisha sauti moja kwa moja kwenye kichwa cha deki.

Mafundi wa Karatu wana suluhisho lao, na ni la wanaume. Ni bodi. Bodi ya Bluetooth ni kibati chembamba chenye kioo cha namba, tundu la USB, tundu la memori kadi, redio ya FM na rimoti ndogo ya plastiki. Fundi hukata tundu la mstatili kwenye uso wa redio, mara nyingi pale palipokuwa na deki ya kaseti, akaiingiza bodi, akaunganisha waya tatu, kazi ikaisha kabla chai haijapoa. Kwa sabufa ya kawaida au boksi la spika la mbao, bodi haina mpinzani kwa bei. Kwa Technics au Kenwood ya zamani ni unyama, maana uso wa alumini uliodumu miaka arobaini bila mkwaruzo hukatwa kwa msumeno wa chuma, na haurudi. Kasoro nyingine ni rimoti. Bodi nyingi za bei chee hutumia rimoti za namna moja zenye amri zile zile, kwa hiyo katika nyumba ya wapangaji mtoto aliyeketi barazani anaweza kuongeza sauti kwenye vyumba vitatu vyenye milango wazi, na akishagundua hivyo hataacha.

Umeme ndio unaotenganisha mji wa Karatu na vijiji vya juu. Mjini kidude hula volti tano kutoka kwenye chaja ya simu, na hiyo inatosha. Ukipita lango la Lodoare, ukapanda hadi ukingo wa kreta ya Ngorongoro ulio zaidi ya mita 2,200 juu ya bahari na kushuka upande wa pili kuelekea Endulen, mambo yanageuka kuwa ya sola na betri ya volti 12. Aliyefunga waya za betri moja kwa moja kwenye kidude cha volti tano ameona jambo hilo mara moja tu, kwa kuwa kidude hakina mara ya pili. Inayofaa ni chaja ya gari ya kushusha volti 12 kuwa tano, na hapa chaja ile aliyoikataa mteja wa AS-BT200 inaonekana haikuwa ushauri mbaya.

Lakini amplifaya ya gari, ile ya volti 12, na chaja ya gari zikila betri moja, huzaliwa mlio. Ni mwembamba, wa kudumu, na hupanda sauti pale kidude kinapotafuta simu. Chanzo chake ni chaja, ambayo hukatakata umeme maelfu ya mara kwa sekunde, na mabaki ya kukatakata huko yanapita kwenye waya hasi wa pamoja hadi kwenye amplifaya. Mafundi husema “tatizo ni ethi,” na safari hii wako sahihi. Dawa ni kukitenga kidude na betri hiyo: ama kitransfoma kidogo cha kutenga sauti kiwekwe katikati ya waya, ama kidude kipewe umeme wake. Wengi hukimbilia pawabenki, na pawabenki ina kisa chake. Imefundishwa kujizima ikiona simu imejaa, na kidude kinakula umeme mdogo kiasi kwamba pawabenki hudhani kazi imekwisha. Muziki unapiga kitambo kifupi, unakatika. Mtu anabonyeza kitufe, unapiga, unakatika. Sherehe moja ya kutahiri inaweza kumpa kijana ajira ya kubonyeza kitufe mchana kutwa. Kidude chenye betri ya ndani kinaepusha yote haya, na kwa watu wa bomani ndicho cha kununua hata kama kinazidi bei kidogo.

Bluetooth hutumia mawimbi ya gigahezi 2.4 na ya kawaida hufika kama mita kumi pasipo kizuizi. Haikai kwenye masafa mamoja. Huhamahama kati ya njia 79, mara 1,600 kwa sekunde, isigongane na wengine. Kuna namna ya kurukaruka masafa iliyopewa hataza Marekani mwaka 1942, uvumbuzi wa mwigizaji wa filamu Hedy Lamarr na mtunzi wa muziki George Antheil, waliotaka kuongoza torpedo bila adui kuingilia. Jina Bluetooth lenyewe ni lakabu ya mfalme Harald wa Denmark wa karne ya kumi, aliyeunganisha Denmark na Norwei. Mfalme huyo hakupambana na ukuta wa bati. Bati huyarudisha mawimbi haya, na simu iliyoachwa kwenye jiko la nje inaweza isisikike sebuleni hata kwa hatua sita. Udongo mbichi nao huyameza. Nyumba za kale za Wairaqw, zilizochimbwa ubavuni mwa kilima ili zisionekane na wavamizi, zingeificha Bluetooth vizuri vile vile.

Ukungu wa ukingo wa kreta husingiziwa mengi, lakini kwa mita kumi hauna athari yoyote. Ng'ombe wana athari. Mwili wa mnyama, kama wa binadamu, umejaa maji, na maji hunyonya gigahezi 2.4. Simu ikiwa kwenye mfuko wa kijana aliyesimama nje ya boma, na kundi likirudi kutoka malishoni likapita katikati, muziki utakatika vipande vipande hadi ndama wa mwisho aingie. Hakuna kitabu cha maelezo kinacholitaja hili, maana vitabu hivyo havikuandikwa na watu wenye ng'ombe.

Kuhusu ubora wa sauti, boksi za vidude husifu majina: aptX, LDAC na mengineyo. Ni njia za kuubana muziki, na mojawapo ikitakiwa ifanye kazi lazima simu nayo iijue. Njia ya kawaida, SBC, inatosha kwa nyimbo zilizopakuliwa kwa ubora mdogo na kupigwa kwenye spika ambayo panya amezalia ndani. Fedha ya aptX ikatengeneze spika. Jambo moja tu la kiufundi linasumbua kweli, nalo ni kuchelewa: sauti huchukua sehemu ya sekunde kufungwa, kurushwa na kufunguliwa. Kwenye muziki haionekani. Kwenye mechi ya Simba na Yanga, mlio wa mpira kupigwa unafika mpira ukiwa umeshaondoka mguuni, na kwenye filamu mwigizaji anafunga mdomo ndipo anaongea. Televisheni iunganishwe kwa waya.

Yaliyobaki ni ya kijamii, na ndiyo yanayowavunjia watu heshima. Vipokezi vya bei ndogo kwa kawaida haviulizi namba ya siri. Vikiwashwa, humpokea yeyote anayewahi, na vingi hutoka kiwandani na jina lile lile. Mama anaweza kuwasha redio Jumapili alfajiri ili asikilize kwaya akijiandaa kwa ibada, na kijana wa upande wa pili wa ukuta akaiona kwenye simu yake, akagusa, na singeli ikaingia sebuleni kabla ya tenzi. Mama hana cha kuzima isipokuwa redio yenyewe.

Simu nayo hupeleka kwenye spika kila ilicho nacho. Mwenye simu akiletewa ujumbe wa sauti, akauweka sikioni kama ilivyo desturi, hasikii kitu. Anaongeza sauti. Bado kimya. Anaongeza tena hadi mwisho, na wakati huo sebuleni wageni waliokuja kupanga mahari wanamsikia mweka hazina wa kikoba, kwa spika mbili za inchi nane, akikumbushia marejesho ya miezi mitatu. Heri kuzima Bluetooth ya simu kabla ya kutoka chumbani, au kutumia simu ya zamani isiyo na laini, yenye nyimbo tu.

Na umeme ukikatika watu wakalala, kitufe cha sauti kikabaki pale kilipokuwa, kidude hakisahau. Umeme ukirudi saa nane usiku kitajiwasha na mwanamke mwenye sauti nyororo atawatangazia mtaa mzima, kwa Kiingereza, kwamba kifaa kiko tayari kuunganishwa. Mbwa wa mtaa watamjibu hadi saa kumi na moja. Sauti hiyo imewekwa ndani ya kidude kiwandani, na kwenye vingi haifutiki. Njia ni kuchomoa chaja.

Anayeshuka Karatu kutoka Endulen au Nainokanoka kutafuta kidude aje na picha ya mgongo wa redio yake kwenye simu, matundu na maandishi yaonekane. Itamwepusha na nusu ya mazungumzo ya dukani. Aombe kipokezi chenye RX na betri ya ndani, akijaribu hapo hapo dukani kwa simu yake mwenyewe, na akifika lango la Lodoare afunge vioo vya gari, maana nyani wa pale hawabagui mfuko wa ndizi na mfuko wa kidude. Na kabla hajaondoka dukani anunue waya wa jeki kwenda ncha nyekundu na nyeupe. Mara nyingi ule wa kwenye boksi ni wa jeki kwa jeki, hauingii kwenye amplifaya, na nauli ya kuurudia inazidi bei yake.